Simulizi za wanawake waliopona fistula: zitolewe na nani, wapi, na kwa masharti gani?

Mratibu wa Kusini (Lindi)

Ndugu zangu, nawasalimu. Ninaratibu elimu ya afya katika shirika dogo linalofanya kazi vijijini mkoani Lindi, na kila mwaka ifikapo tarehe 23 Mei, Siku ya Kimataifa ya Kutokomeza Fistula ya Uzazi (tundu linalotokana na uzazi mgumu na kumfanya mama avuje mkojo), tunaandaa mikutano ya vijiji, vipindi vya redio na mabango ya kubandika katika zahanati na stendi za mabasi. Mwaka huu uongozi wetu umeamua kwamba kampeni nzima ijengwe juu ya simulizi ya mwanamke mmoja aliyeugua na kupona, na kwamba ionyeshe sura yake, jina lake na kijiji chake, kwa maelezo kwamba watu wamechoka kuwasikiliza wataalamu na wanataka kumwona mtu. Kiongozi wangu, ambaye ninamheshimu na ambaye ameifanya kazi hii miaka mingi kuliko mimi, alifunga kikao kwa kusema, "Mficha uchi hazai."

Sipingi kwamba simulizi zina nguvu, kwa kuwa nimeshuhudia mwenyewe. Tuliwahi kufanya mkutano chini ya mwembe ambapo muuguzi alieleza dalili zote kwa ufasaha, akapigiwa makofi, na hakuna aliyebaki nyuma kuuliza hata neno moja. Miezi michache baadaye, katika kijiji cha jirani, mwanamke wa makamo alisimama akaeleza kwa dakika chache tu kwamba aliwahi kuvuja mkojo kwa miaka tisa na sasa amekauka. Kabla hatujakunja turubai, mzee mmoja alimvuta kando mwenzetu wa kiume akamwambia kwamba nyumbani kwake yupo dada yake, analala chumba cha uani, na hali yake ni hiyo hiyo.

Kinachonisumbua ni hiki. Nilikwenda kwa mama tuliyemkusudia, nikamsomea fomu ya ridhaa tukiwa tumeketi mkekani barazani kwake. Alikubali kabla sijafika nusu. Nilipomwambia kwamba ana haki ya kukataa, alicheka kidogo akasema, "Nyinyi ndio mlionipeleka hospitali, mwanangu. Nitakataaje?" Muda huo huo jirani yake akapiga hodi, amekuja kuazima ungo. Yule mama aliigeuza fomu kifudifudi juu ya mkeka, akaiwekea kiganja, wakazungumza habari za mvua na za mikorosho mpaka jirani alipoondoka. Kisha akashika kalamu, akaniuliza atie sahihi wapi. Nilimwambia tutamalizia siku nyingine, nikaondoka nayo.

Naomba uzoefu wenu. Simulizi hizi husaidia nini hasa, zimewaletea nini waliozitoa, na ninyi mngefanya nini na fomu hii?

Mkunga wa Wodi (Dar es Salaam)

Dada Mratibu, pole na kazi, na umefanya vyema kuiahirisha ile sahihi. Nimewauguza wanawake wenye fistula kwa miaka mingi, kwa hiyo naomba nianze na ugonjwa wenyewe, kwa sababu ndio unaoeleza ni kwa nini simulizi inahitajika na ni simulizi ya namna gani.

Fistula ya uzazi hutokea pale mama anapokaa muda mrefu na uchungu pingamizi, yaani mtoto amekwama hawezi kutoka, pengine siku mbili au tatu, kichwa cha mtoto kikakibana kibofu kwenye mfupa wa nyonga mpaka nyama za katikati zikakosa damu na kufa. Mara nyingi mtoto naye hufariki. Mkojo hauanzi kuvuja siku ile ile, kwa kuwa nyama iliyokufa huchukua siku kadhaa kubanduka. Mama anaweza kuwa amesharudi nyumbani, yuko kwenye msiba wa mtoto wake, ndipo anapoamka na kukuta kitanda kimelowa. Hakuna anayemwambia kwamba kuvuja kule kumetokana na uchungu wa wiki iliyopita. Anaambiwa amerogwa, au amevunja miiko, au kwamba uzazi ndivyo ulivyomchukua. Shirika la Afya Duniani limekuwa likikadiria kwamba wanawake 50,000 hadi 100,000 hupata tatizo hili kila mwaka duniani, na wapo ambao huishi nalo miaka ishirini bila kujua kwamba lina jina, achilia mbali kwamba lina upasuaji.

Sasa fikiria mwanamke huyo yuko chumbani na anamsikia mwenzake akieleza jinsi alivyokuwa akikunja kipande cha khanga mara nne, jinsi alivyoacha kunywa maji akidhani atapunguza kuvuja, na jinsi mkojo ulivyozidi kuwa mkali ukamchubua mapaja. Hayo hayamo katika bango lolote la kitaalamu, na ndiyo yanayomfanya ajitambue. Akishajitambua anahitaji jambo moja tu zaidi, nalo ni kujua aende wapi na afikeje.

Hospitali ya CCBRT ya Msasani ililielewa jambo hili vizuri. Kwa miaka mingi imetoa matibabu ya fistula bila malipo, lakini nauli peke yake ilikuwa mlima kwa wagonjwa wa mikoani. Kuanzia mwishoni mwa mwaka 2009 walianza kutuma nauli kwa M-Pesa: balozi wao aliyeko wilayani, yaani mtu wa kuwatafuta wagonjwa, anampata mgonjwa, anapiga simu hospitali, fedha inaingia kwenye simu ya balozi, anamkatia mgonjwa tiketi ya basi, na mgonjwa akifika balozi hupata malipo kidogo kwa kazi yake. Baadhi ya mabalozi hao ni wanawake waliotibiwa wenyewe. Simulizi pale ilitolewa uani, kwa mtu mmoja, kwa sauti ya chini, na aliyeitoa alikuwa na tiketi mkononi.

Jambo la pili ni gumu zaidi, nami nalisema kwa kuwa nimeliona wodini. Kampeni nyingi zimemchagua msichana yule yule: ameozwa angali mtoto, amejifungulia kwa mkunga wa jadi, mume amemfukuza, amefanyiwa upasuaji mmoja, amekauka, amepewa cherehani, anatabasamu. Wasichana hao wapo na machungu yao ni ya kweli. Lakini katika wodi hiyo hiyo analala mama wa miaka arobaini aliyepata fistula katika uzazi wa tano; analala aliyewahi kituo cha afya mapema, akasubiri gari la kumpeleka hospitali hadi alfajiri; analala aliyejeruhiwa kibofu, au mrija unaoshusha mkojo kutoka figo, wakati wa upasuaji wa uzazi au wa kutoa kizazi, na wa namna hii wamekuwa wakiongezeka katika nchi nyingi za Afrika. Niliwahi kumpokea mama mmoja wa kundi hilo, ambaye aliniambia kwamba tangazo la fistula alilisikia mara nyingi, lakini alidhani ni ugonjwa wa watoto walioozwa mapema, kwa hiyo alikuwa akilipunguza sauti.

Sisi wakunga tumefundishwa kuhusu ucheleweshaji wa aina tatu: wa kuamua kwenda hospitali, wa kufika huko, na wa kuhudumiwa ukishafika. Kampeni hupenda simulizi za ucheleweshaji wa kwanza, kwa sababu hapo lawama humwangukia mume, mama mkwe na mkunga wa jadi, ambao hakuna hata mmoja wao anayeketi meza kuu siku ya uzinduzi. Nimeona kwa macho yangu maneno ya mgonjwa, "Nilifika saa mbili usiku, daktari wa upasuaji hakuwepo," yakiondolewa katika filamu fupi kwa maelezo kwamba yanarefusha. Iliumiza kuyaona yakiondolewa, kwa sababu huo ndio ulikuwa moyo wa alichokuja kusema.

Vilevile kampeni huvutiwa na aliyeteseka miaka mingi kuliko wote. Matokeo yake ni kwamba ujumbe mmoja wenye manufaa makubwa haupati nafasi: mama aliyeanza kuvuja siku chache baada ya kujifungua awahi hospitali mara moja, kwa kuwa tundu dogo ambalo bado ni jipya huweza kujiziba kwa kuwekewa mpira wa mkojo, yaani mpira wa kutoa mkojo kibofuni, kwa wiki kadhaa, bila kisu. Mtafuteni basi na mwanamke wa namna hiyo, hata kama simulizi yake ni fupi na haimlizi mtu.

La mwisho kwangu: wapo ambao tundu limezibwa na bado wanavuja kwa sababu misuli ya kuzuia mkojo imeharibika, na wapo wanaorudi chumba cha upasuaji mara ya pili na ya tatu. Tukiwaahidi watu kwamba kila anayekwenda hurudi mkavu, yule anayerudi bado amelowa atajiona amelaaniwa peke yake, na kijiji chake hakitatuma mwingine. Msimuliaji wenu aeleze pia siku za mpira wa mkojo, ambazo mara nyingi huwa kama wiki moja hadi mbili, na ile hofu ya asubuhi unapotolewa.

Mtayarishaji wa Vipindi (Eldoret)

Hamjambo nyote. Huku Kenya wengi tunauita ugonjwa huu nasuri, na nimeandaa vipindi vya redio kuuhusu kwa muda. Ninakubaliana na Mkunga, nami nitaongeza machache yanayotoka studio.

Dada Mratibu, watu hudhani kwamba redio humficha msimuliaji kwa kuwa sura haionekani. Sauti hutambulika. Mtu akieleza kwa lafudhi ya kwao kwamba alijifungua mwaka fulani, mtoto akafariki, akakaa kwa dada yake ng'ambo ya mto, majirani wanahitaji dakika mbili tu kumjua. Sisi humuuliza msimuliaji angependa kipindi chake kisikike wapi, na mara nyingine tumekirusha katika kaunti nyingine kabisa, huku kwao tukitumia kipindi cha mwanamke wa mbali. Maneno hayapungui nguvu kwa kusafiri.

Pili, fikirieni ni nani anayemiliki redio nyumbani. Katika boma nyingi ni ya mume, na mume au mama yake ndiye anayeamua kama fedha ya kukodi gari itatoka leo au kesho asubuhi. Kipindi kilichotuletea simu nyingi zaidi za wanaume kilikuwa kile ambacho mwanamume alieleza jinsi alivyoketi nje ya nyumba usiku mzima akiambiwa asiwe na haraka, kwamba kila mwanamke hupitia hayo. Naye ni manusura kwa namna yake, japo mabango hayamtafuti.

Tatu ni kosa letu wenyewe, nalo bado linaniuma. Tulirusha simulizi nzito saa moja jioni bila kupanga nani atapokea simu baada ya kipindi. Simu ya studio iliita hadi usiku wa manane, na aliyekuwa karibu nayo ni mlinzi, ambaye alijitahidi kuandika nambari pembeni mwa gazeti. Asubuhi tulipoanza kuzipiga, baadhi hazikupatikana tena, kwa kuwa walioazima simu kwa jirani walikuwa wamekwisha kuzirudisha. Tangu hapo hatuanzi kurekodi kabla hatujapata muuguzi wa kukaa kwenye simu na hospitali iliyothibitisha kwamba ina nafasi ya kuwapokea wagonjwa.

Kuhusu waliojitokeza kwa sura na majina yao, mfano wetu wa karibu ni Sarah Omega, ambaye aliishi na nasuri kwa miaka 12 kabla ya kutibiwa hapa Eldoret mwaka 2007, na tangu hapo amekuwa akizungumza hadharani na kuongoza kazi ya kuwasaidia wengine. Yeye si picha katika kampeni ya mtu mwingine; kampeni ni yake.

Mama wa Singida

Mwanangu Mratibu, na wengine wote mliochangia, nawasalimu. Mimi ni mmoja wa hao mnaowazungumzia. Nilivuja kwa miaka saba, sasa nimekauka. Nimeomba msaada wa binti yangu katika kupanga maandishi haya, lakini maneno ni yangu.

Mimi pia niliwahi kutia sahihi. Ilikuwa siku ya tatu baada ya kutolewa mpira wa mkojo, nimelala usiku mzima juu ya shuka kavu kwa mara ya kwanza tangu ujana wangu. Siku ile mngeniomba nyumba ningewapa. Walikuja watu wenye kamera, wakazungumza nami vizuri sana, na wala siwezi kusema walinidanganya. Mwaka uliofuata mwanangu wa kiume, aliyekuwa darasa la sita, alitumwa duka la dawa kununua dawa ya malaria, akanikuta ukutani kwenye kalenda, mwezi wa nane. Chini ya picha waliandika kwamba nilinuka na mume wangu akanifukuza, na wakaniita mhanga.

Mume wangu hakunifukuza. Alikuwa akifua vitambaa vyangu usiku, baada ya watu kulala, akavianika ndani juu ya kamba aliyoifunga kutoka dirishani hadi kwenye msumari wa taa, ili majirani wasivione. Nililieleza hilo mbele ya kamera kwa urefu, kwa kuwa ndilo nililokuwa najivunia. Hawakulitumia. Hadi leo naamini kwamba kama wangeliandika hilo, wanaume wengi wangejifunza kitu, na mwanangu angesimama mbele ya kalenda ile bila aibu. Mume wangu alipoiona hakusema neno, lakini kwa muda mrefu hakwenda kunywa kahawa na wenzake.

Kuhusu methali aliyoisema kiongozi wako, niliisikia nikiwa leba. Mkunga aliniambia, "Mficha uchi hazai," nami nikamwonyesha, kwa sababu alikuwa mkunga na nilikuwa nazaa. Methali hiyo inamhusu mwanamke na yule atakayemsaidia, wakiwa chumba kimoja, mlango umefungwa. Haijawahi kumwambia mtu akajivue stendi ya mabasi.

Msinielewe kwamba nawakataza kusimulia, kwa kuwa mimi mwenyewe nasimulia hadi leo. Nikisikia kuna mwanamke amejifungia, ninakwenda, ninakaa naye uani, ninamsaidia kuchambua mchele, na tukifika katikati ninamwambia, "Mimi nilikuwa hivyo." Wengine hulia, wengine hukaa kimya, mmoja alinishika mkono akauliza kama kweli nimekauka mpaka nikamwambia aguse nguo yangu. Wanne nimewasindikiza hospitali mwenyewe. Kwa kazi hiyo sihitaji kalenda, lakini nahitaji nauli, na siku niliyokaa kwa mwenzangu shamba langu halikulimwa, kwa hiyo atakayenilipa posho ya siku hiyo hatakuwa amenihonga.

Na neno mhanga naomba mliache. Mhanga ni yule aliyetolewa kafara. Mwathirika nalo ni zito mno likibandikwa mtu maisha yake yote. Manusura ni afadhali, kwa kuwa lina kunusurika ndani yake, ingawa mimi nyumbani kwangu naitwa mama fulani kama wenzangu wote. Muulize huyo mama anapenda aitweje. Na muulize akiwa amekwisha kuzoea ukavu, si wakati bado anaamka usiku kupapasa shuka.

Mwanasheria (Dodoma)

Shikamoo Mama wa Singida, na asante sana kwa kutuandikia. Nitasema kwa ufupi upande wa sheria.

Kwa Tanzania, Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 ilianza kutumika tarehe 1 Mei 2023, na Kenya wanayo yao ya mwaka 2019. Zote mbili huzihesabu taarifa za afya kuwa taarifa nyeti, na zinataka ridhaa itolewe kwa hiari na kwa kuelewa. Aliyeitoa anaweza pia kuiondoa. Maneno "Nitakataaje?" aliyoyasema yule mama kwa maoni yangu yanaonyesha kwamba ridhaa ya hiari haikuwepo pale, hata kama sahihi ingepatikana. Tatizo la kiutendaji ni kwamba kalenda iliyokwisha kuchapishwa haikusanyiki tena, na picha iliyosambaa kwenye simu za watu hairudi. Ndiyo maana nawashauri wateja wangu waandike ridhaa yenye kikomo: kipindi gani, kitarushwa wapi, kwa miezi mingapi, na baada ya hapo aulizwe upya.

Naomba nigusie pia historia, kwa sababu watetezi wa mabango yenye sura za watu hupenda kuitaja. Philly Bongoley Lutaaya, mwanamuziki wa Uganda, alitangaza mwezi Aprili 1989 kwamba ana UKIMWI, wakati ambapo ni wachache waliothubutu kulitamka jambo hilo. Wapo waliomshuku kwamba anajitafutia umaarufu, kwa kuwa hakuonekana mgonjwa. Alizunguka shuleni na makanisani akizungumza na kuimba, na mwezi Desemba mwaka huo huo akafariki. Ushujaa wake ulibadilisha mambo mengi. Lakini tutazame alikuwa na nini mkononi: alikuwa na jina kubwa kabla ya ugonjwa, aliamua mwenyewe, na alichagua mwenyewe maneno. Mwanamke wa kijijini ambaye mji mzima utamfahamu kwa mara ya kwanza kupitia ugonjwa wake yuko katika hali nyingine kabisa. Hata Azimio la Paris la mwaka 1994 kuhusu UKIMWI lilipotaka watu wanaoishi na virusi washirikishwe zaidi, lilimaanisha washiriki katika kupanga na kuamua pia, na si kuitwa kutoa ushuhuda siku ya sherehe na kurudishwa nyumbani.

Mshauri Nasaha (Bukavu)

Jambo ni moja hata huku kwetu mashariki mwa Kongo, ingawa chanzo mara nyingine ni tofauti. Baadhi ya wanawake waliotibiwa fistula katika Hospitali ya Panzi, iliyoanzishwa na Daktari Denis Mukwege mwaka 1999, waliipata kutokana na ukatili wa kingono wakati wa vita. Waandishi walikuja kutoka kila pembe ya dunia, na kuna mama aliyenieleza kwamba amesimulia yaliyompata mara nyingi hadi anajisikia kama anasoma habari za mtu mwingine, ila usiku wake haulali. Kila anaposimulia mwili unarudi kule kule. Nadia Murad wa Iraki, naye manusura wa ukatili wa namna hiyo, aliyepewa Tuzo ya Nobel ya Amani pamoja na Mukwege mwaka 2018, alitoa jina lake kwa mwongozo uliozinduliwa mwaka 2022 kwa ajili ya wanaokusanya simulizi za namna hii, na mojawapo ya mambo yanayosisitizwa humo ni kujiuliza kwanza kama kweli inahitajika kumhoji mtu tena.

Ombi langu kwako, dada, ni dogo. Awepo mtu wa kuketi naye siku ya kurekodi, na mtu huyo huyo arudi kumwona wiki inayofuata, wakati kamera zimekwisha kuondoka.

Mratibu wa Kusini (Lindi)

Shikamoo Mama wa Singida, na shukrani kwenu nyote. Nilichapa maneno ya Mama kuhusu ile methali nikampelekea kiongozi wangu. Aliyasoma mara mbili mbele yangu, akavua miwani, akasema tusimamishe uchapaji wa mabango.

Baada ya wiki mbili nilirudi kwa yule mama bila fomu na bila fulana ya shirika, nikiongozana na mwalimu mstaafu wa kijiji hicho, mwanamke ambaye mama huyo hadaiwi naye fadhila yoyote. Safari hii sikumuuliza kama anakubali. Nilimuuliza ni mambo gani asingependa yajulikane, na hapo alizungumza kwa muda mrefu kuliko nilivyowahi kumsikia. Picha hataki. Kijiji chake kisitajwe, kwa kuwa binti yake anakaribia kuolewa. Redioni yuko tayari, ila kipindi kisikike Mtwara kwanza, na atatumia jina la marehemu bibi yake. Alisisitiza aeleze kwamba kituo cha afya alikifikia jioni na gari halikuwepo, nami nimemwahidi kwamba sehemu hiyo haitaguswa. Pia anataka waume waambiwe waanze kuweka akiba ya usafiri mimba ikifika mwezi wa saba.

Muuguzi wa kupokea simu amepatikana, na fedha zilizokuwa za mabango zimehamishiwa kwenye nauli na posho. Tunamtafuta pia mama aliyepona kwa mpira wa mkojo peke yake, kama Mkunga alivyoshauri.

Jana tulirekodi. Tulipomaliza nilimpa simu asikilize. Aliishika sikioni kwa mikono miwili, akasikiliza mwanzo hadi mwisho, akaomba arudie. Kisha akasema kuna mahali analia, na kwamba pale alikuwa anamlilia mtoto wake aliyefariki, jambo ambalo hakukusudia kuwapa watu wa redio. Sehemu hiyo tumeikata.